Barbara Loden na swali la mswada wa Wanda

Barbara Loden, mwigizaji wa Marekani aliyezaliwa North Carolina mwaka 1932, aliandika na kuongoza filamu ndefu moja tu, Wanda ya mwaka 1970, na mwenyewe akaigiza mhusika mkuu. Chanzo chake kilikuwa habari ya gazetini kuhusu mwanamke aliyepatikana na hatia katika kesi ya wizi wa benki, ambaye aliposomewa kifungo alimshukuru hakimu.

Filamu hiyo ilipewa tuzo katika tamasha la filamu la Venice, Italia, mwaka huohuo, lakini ubishi kuhusu mwandishi wake haujaisha. Mumewe, Elia Kazan, mwongozaji aliyekuwa na jina kubwa kuliko yeye, alieleza katika tawasifu yake ya mwaka 1988 kwamba rasimu ya kwanza aliiandika yeye, kisha Loden akaibadilisha mara nyingi. Dai hilo halipaswi kupuuzwa, kwa kuwa Kazan hakuwa mgeni wa uandishi, na yeye mwenyewe anakubali kwamba mkewe aliigeuza rasimu hiyo. Hata hivyo, lilichapishwa miaka minane baada ya Loden kufariki kwa saratani ya matiti, wakati ambapo hakuweza tena kujibu.

Ushahidi ulio mzito zaidi, kwa maoni yangu, umo katika namna filamu ilivyopigwa. Kikundi cha upigaji kilikuwa cha watu wachache mno, Nicholas Proferes akishika kamera na baadaye kuhariri. Ukanda wa filamu ulikuwa wa milimita 16, mwembamba kuliko ule wa kawaida wa sinema. Na waigizaji wengi hawakuwa wa kulipwa kwa fani hiyo. Mazungumzo yalibadilika palepale, katika maeneo ya makaa ya mawe ya Pennsylvania, kwa hiyo uandishi uliendelea hadi siku ya kupiga picha. Rasimu ya mtu mwingine, hata ikiwa nzuri, isingeweza kuubeba ukimya ule wa mwanamke anayewaacha watoto wake mahakamani bila kujitetea. Filamu za Kazan hulipuka; hii hainyanyui sauti.

Upande wa pili una hoja ambayo wapenzi wa Loden, nami nikiwemo, huipita haraka: njia hiyo ilitegemea fedha kidogo, takriban dola 115,000, kutoka kwa mfadhili binafsi, na uhuru wa mtu asiyedaiwa faida. Haikumjengea mlango wa kuingilia studio. Baada ya Wanda alifanikiwa kuongoza filamu fupi za elimu tu, mwaka 1975, na miradi mingine ikakosa fedha hadi alipofariki mwaka 1980. Kumlaumu mumewe peke yake kwa kuwa Loden hakuongoza filamu ndefu nyingine ni rahisi mno. Soko lilikataa hasa kile kilichoifanya filamu yake iwe yake. Kilichobadilika baadaye ni watazamaji: nakala iliyofanyiwa ukarabati na hifadhi ya filamu ya Chuo Kikuu cha California, Los Angeles (UCLA), ilionyeshwa mwaka 2010, na mwaka 2017 Maktaba ya Bunge la Marekani ikaiweka Wanda katika orodha ya filamu za taifa zinazohifadhiwa.