Kesi ikiisha, iishe

Wiki iliyopita nilimpokea Ami gatini hapa Lamu, akitoka mahakamani bara. Alikuwa ameikumbatia ile bahasha yake ya plastiki, ndani mna hukumu aliyoshinda, huu ni mwaka wa tatu. Nikamuamkia, nikamuuliza wamefikia wapi. "Wameomba ipitiwe tena, mwanangu." Nilikosa la kumwambia, basi nayasema hapa.

Kesi ni ya shamba la minazi la marehemu babu. Jaji alisikiliza mashahidi, akaenda hadi shambani, akaandika hukumu. Walioshindwa walikuwa na siku 14 za kutoa ilani ya rufaa. Zikapita. Baadaye ndipo wakaja na ombi la mapitio, yaani hukumu itazamwe upya, kwa jaji yule yule, eti wamepata ushahidi mpya: karatasi ya mauziano iliyotoka kwenye kasha la mama yao. Kasha lenyewe limo katika nyumba wanayolala wao, tangu kesi haijafunguliwa.

Oda ya 45 ya kanuni zetu za kesi za madai haikuwekwa kwa ajili hiyo. Inamfungulia mlango mwenye ushahidi ambao hakuujua au hangeweza kuuleta hata baada ya kutafuta kwa bidii, na mwenye kuonyesha kosa linaloonekana wazi kwenye kumbukumbu za mahakama. Wazi maana yake wazi: ukilisoma unaliona, bila mawakili wawili kubishana siku nzima. Ukiona jaji ameielewa vibaya sheria, hiyo ni rufaa, na rufaa ina ngazi yake. Jaji hawezi kuketi juu ya hukumu yake mwenyewe kama mkubwa wake. Akiisha kuitoa, kazi yake imekwisha.

Ombi likakataliwa. Lakini kulikataa kulichukua miezi kumi na moja, na muda wote huo utekelezaji ulisitishwa. Sasa wamerudi na ombi jingine. Oda hiyo hiyo inakataza kuomba mapitio juu ya amri iliyotokana na mapitio, kwa hiyo safari hii wamelibadilisha jina tu, wakaegemea mlango wa tatu wa oda hiyo, yale maneno ya "sababu nyingine ya kutosha". Maneno hayo yananitia uchungu. Mlango mpana kiasi hicho, mwenye pesa za wakili hakosi pa kupitia.

Najua nitaulizwa: jaji si binadamu? Ni binadamu. Hukumu ya Ami yenyewe ilitoka na nambari ya kiwanja iliyokosewa, tarakimu mbili zimepishana. Lau mahakama isingekuwa na uwezo wa kujisahihisha, Ami angeshinda shamba la mtu mwingine. Kifungu cha 99 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai kinaruhusu makosa ya kalamu na ya hesabu yarekebishwe, na hilo la Ami lilirekebishwa kwa kikao kimoja. Hilo sina ugomvi nalo. Wala sina ugomvi na ulaghai kufunuliwa. Mahakama ya Juu, katika kesi ya Fredrick Outa na Jared Okello mwaka 2017, ilisema haiketi kuwa mahakama ya rufaa juu ya hukumu zake, isipokuwa kwa mambo machache: hukumu iliyopatikana kwa ulaghai, hukumu batili, mahakama kupotoshwa iamini kwamba wahusika wamekubaliana, au hukumu iliyotegemea sheria iliyokwisha kufutwa au kifungu kilichofichwa makusudi. Mipaka kama hiyo naikubali, maana mtu anaweza kuihesabu kwa vidole.

Ninachotaka ni kidogo. Anayeomba kusitisha utekelezaji kwa sababu ya rufaa hutakiwa kuweka dhamana. Anayeomba mapitio naye aiweke, tena kabla hajasikilizwa, na ombi lake lipewe siku za kumalizika.

Kwa sababu wakati karatasi zinazunguka, shamba halisimami. Tulipita huko Ijumaa baada ya sala. Mkwezi wa upande wa pili alikuwa juu ya mnazi alioupanda babu kwa mkono wake, anaangusha nazi. Zikidondoka moja moja, Ami amesimama nje ya ua na bahasha kwapani, anazihesabu. Alifika arubaini na tatu, akaniambia twende zetu.