Dhamana: hakimu aachiwe kuamua, ila atazame na mfuko

Ijumaa moja mchana nilikuwa nimeketi kwenye korido ya mahakama moja ya wilaya. Akaja mama kumdhamini mwanawe, barua ya serikali ya mtaa ameifutika kwenye khanga pamoja na kitambulisho cha NIDA. Karani akaisoma barua, akamrudishia: jina lilipishana na la kitambulisho kwa herufi moja. Alipofika ofisi ya mtaa, imeshafungwa. Kijana akapandishwa karandinga, akalala rumande hadi Jumatatu, kwa kosa lenye dhamana.

Mjadala wetu wa dhamana hapa Tanzania humsahau mama huyu, kwa kuwa huishia kwenye makosa makubwa. Huko, kifungu kilichozoeleka kama 148(5) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kimemfunga hakimu mikono. Mauaji, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha, ugaidi, utakatishaji fedha: hakuna dhamana, na hakimu haulizi mshtakiwa ni nani. Mei 2020, katika shauri la Dickson Sanga, Mahakama Kuu ilisema kifungu hicho kinakiuka Katiba. Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua uamuzi huo, nacho kikabaki.

Wanaokitetea wana hoja, tena nzito. Shahidi wa unyang'anyi mara nyingi anaishi mtaa mmoja na mshtakiwa. Akikutana naye dukani wiki moja baada ya kukamatwa, je, atafika kizimbani? Na mtaani kwetu, watu wakiona mtuhumiwa wa mauaji amerudi nyumbani, wapo watakaochukua mawe. Tena sheria iliyo sawa kwa wote humwondolea hakimu kishawishi cha rushwa.

Ila hoja hiyo inalegea ukiipeleka kwenye utakatishaji fedha. Mwandishi wa habari Erick Kabendera alikamatwa Julai 2019, akashtakiwa kwa kosa hilo pamoja na mengine, akakaa ndani karibu miezi saba, hadi alipofikia makubaliano na upande wa mashtaka Februari 2020. Jina la kosa kwenye hati ya mashtaka ndilo lililoamua alale wapi, na anayeliandika jina hilo ni upande mmoja wa kesi. Mwaka 2018, katika shauri la wakili Jeremia Mtobesya, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba Mkurugenzi wa Mashtaka asizuie dhamana kwa hati yake tu. Kwangu mimi, kalamu ileile imerudi kwa mlango wa nyuma.

Kenya walichagua njia nyingine. Ibara ya 49 ya Katiba yao ya 2010 inampa kila aliyekamatwa haki ya dhamana kwa masharti yanayofaa, hata kwa mauaji, isipokuwa pawe na sababu nzito za kumnyima. Njia hiyo naiunga mkono. Lakini uhuru wa hakimu peke yake hautoshi, kwa sababu sharti lisilowezekana ni kunyimwa kwa jina lingine.

Tazama sharti letu la nusu. Mali inayodaiwa ikizidi shilingi milioni 10, mshtakiwa aweke nusu yake, taslimu au kwa mali. Mhasibu wa SACCOS anayedaiwa kuiba milioni 40 atafute milioni 20. Kama kweli aliziiba, huenda anazo. Kama hakuiba, atazitoa wapi? Sheria hiyohiyo inasema kiwango cha dhamana kisipite kiasi, na inaruhusu kushikilia pasipoti na kumzuia mtu asitoke eneo fulani. Hakimu aachiwe apime hayo, asikilize pande zote mbili, aandike sababu zake ili ziweze kukatiwa rufaa.

Na kwa kesi ndogo, uhuru huo tayari anao. Barua ya yule mama ilikuwa na muhuri, na chini ya muhuri palikuwa na namba ya simu ya mwenyekiti wa mtaa. Hakuna aliyeipiga.