Swali la kura liandikwe kwa maneno ya nyumbani

Shangazi yangu alipiga kura yake ya kwanza ya Marekani mezani kwangu, Sacramento, miwani puani na chai ya tangawizi pembeni. California humtumia kila mpiga kura karatasi yake kwa posta, kwa hiyo siku chache kabla ya Novemba 5, 2024 tuliketi naye tukaanza. Rais hakumsumbua. Seneta hakumsumbua. Kazi ilianza kwenye mapendekezo ya jimbo, yaani maswali ya sheria na katiba ambayo wapiga kura huyaamua wenyewe kwa ndiyo au hapana, ambayo mwaka ule yalikuwa 10: mikopo ya kukarabati shule, ndoa, kima cha chini cha mshahara, kodi za nyumba, adhabu za wizi.

Kwenye Pendekezo la 6 akasimamisha kalamu. "Involuntary servitude," akasoma polepole. "Mwanangu, hii ndiyo nini?"

Kiingereza anakijua. Ametunza wazee hapa miaka mingi, na fomu za hospitali huzijaza mwenyewe. Lakini maneno hayo mawili huyasikii dukani wala kazini. Makazi yake ni katiba. Nikamwambia ni shokoa. Akavua miwani. "Shokoa? Ile ya kukamatwa kwa nguvu ukabebe mizigo ya serikali?" Wazee wake walimsimulia habari za wapagazi wa Vita Kuu ya Kwanza, wale ambao kumbukumbu yao imebaki kwenye jina la Kariakoo, Dar es Salaam. Akaweka alama yake hata sijamaliza kueleza.

Katiba ya California inakataza utumwa moja kwa moja, lakini kazi ya kulazimishwa inaikataza kwa sharti: isipokuwa iwe adhabu ya kosa la jinai. Sharti hilo linafanana na lile la Marekebisho ya 13 ya katiba ya nchi, ya mwaka 1865. Ndiyo maana mfungwa hupangiwa kufagia, kupika au kufua, na akikataa anaweza kuandikiwa kosa na kupunguziwa simu za kuongea na watoto wake. Malipo ya kazi nyingi hizo hayafiki hata dola moja kwa saa. Pendekezo la 6 lilitaka sharti hilo lifutwe, mfungwa afanye kazi kwa hiari. Katika kitabu cha maelezo ambacho jimbo huwatumia wapiga kura, hakuna aliyewasilisha hoja ya kulipinga. Likaanguka hata hivyo. Zaidi ya asilimia 53 walisema hapana.

Siku hiyohiyo jirani zetu wa Nevada waliulizwa jambo hilohilo, ila karatasi yao ilitaja utumwa kwa jina lake. Likapita kwa takriban asilimia 60.

Wapo wanaosema kilichoamua ni hasira, si maneno. Watu walikuwa wamechoshwa na wizi wa madukani, na Pendekezo la 36 la kuongeza adhabu lilipita kwa zaidi ya theluthi mbili. Hoja hiyo ina uzito. Lakini tazama Colorado. Mwaka 2016 waliulizwa swali kama hili kwa sentensi iliyojipinda, mtu hajui ndiyo yake inafuta au inabakisha, likaanguka kwa kura chache. Mwaka 2018 wakaulizwa tena kwa lugha iliyonyooka, na takriban theluthi mbili wakalikubali. Jimbo lilelile, miaka 2 tu imepita.

Naelewa kikwazo cha kisheria. Neno utumwa lisingeingia kirahisi kwenye karatasi yetu, kwa kuwa katiba ya jimbo imekwisha kuukataza. Basi wangeandika wazi: kumlazimisha mfungwa kufanya kazi. Huenda wengi wangekataa vilevile. Huenda wangekuwa wengi zaidi. Matokeo hayo ningeyapokea, maana wangekuwa wamekataa kitu wanachokijua. Kinachoniuma ni hapana ya mtu aliyeliangalia swali, hakulielewa, akaona salama ni kuacha mambo yalivyo.

Nyumbani Kenya, kwenye kura za maoni za rasimu ya katiba, tulipewa alama. Mwaka 2005 ndizi ilikuwa ndiyo na chungwa hapana. Mwaka 2010 kijani kwa ndiyo, nyekundu kwa hapana. Alama ilimwonyesha bibi kijijini upande wake ulipo, na hilo si dogo. Kilichomo ndani ya rasimu alibaki kukisikia kwenye mikutano ya hadhara, kwa midomo ya wanasiasa.

Ninachodai ni hiki: kabla swali halijachapwa, lisomwe mbele ya wananchi wa kawaida, walezi wa wazee, madereva, wanafunzi, kisha waambiwe waeleze kwa maneno yao ndiyo yao itafanya nini. Wakishindwa, liandikwe upya.

Januari 2025 moto ulipounguza Los Angeles, tuliwaona kwenye televisheni wafungwa waliovaa nguo za rangi ya chungwa wakifyeka vichaka kuuzuia usisambae. Walikuwa mamia, na hao kazi hiyo waliiomba wenyewe, kwa malipo madogo. Shangazi aliwatazama kwa muda mrefu.

"Lile swali letu litarudi?" akauliza.

Nikamjibu kwamba linaweza kurudi.

"Likirudi uniambie mapema. Wenzangu wa kanisani nitawaeleza mwenyewe."