Deni la Senegal: kulitangaza hakukuwa kosa

Mwaka 2024 wa Senegal umesimuliwa zaidi kwa upande wa kura. Rais wa wakati huo, Macky Sall, aliahirisha uchaguzi wa rais mwezi Februari, askari wakawatoa wabunge wa upinzani ukumbini ili hoja ya kuuahirisha ipite, Baraza la Katiba likabatilisha yote. Bassirou Diomaye Faye akatoka gerezani Machi 14, na Machi 24 akachaguliwa rais kwa asilimia 54. Yanastahili kusifiwa. Lakini kwangu jambo zito kuliko yote lilitokea Septemba 26, Waziri Mkuu Ousmane Sonko alipotangaza kwamba hesabu za serikali iliyopita zilipikwa ili kuficha ukubwa wa deni na nakisi ya bajeti.

Tangu hapo amelaumiwa sana. Sall amekanusha tuhuma hizo. Wakosoaji wanakumbusha kuwa Bunge lilikuwa limevunjwa wiki mbili tu kabla, na uchaguzi wa Novemba 17, ambao Pastef, chama cha Sonko na Faye, kilizoa viti 130 kati ya 165, ulikuwa mlangoni. Tena Mahakama ya Ukaguzi wa Hesabu ilikuwa bado haijatoa ripoti yake. Na hasara ilionekana upesi: Moody's, kampuni inayopima uwezo wa nchi kulipa madeni, ikaishusha nchi daraja mwezi Oktoba, na mpango wa mkopo wa dola bilioni 1.8 wa Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) ukasimama. Nchi ikishushwa daraja hukopa kwa riba kubwa zaidi, na mzigo humshukia muuza samaki wa Dakar ambaye hakukopa chochote. Hoja hiyo siidharau.

Ila ripoti ya Mahakama ilipotoka Februari 2025, ilionyesha hali mbaya kuliko alivyosema Sonko. Deni mwishoni mwa 2023 lilikuwa asilimia 99.67 ya pato la taifa. Yaani karibu kila faranga iliyozalishwa nchini mwaka mzima ilikuwa na faranga nyingine inayodaiwa. Nakisi ya bajeti ya mwaka huohuo, yaani pengo kati ya matumizi na mapato ya serikali, iliyotangazwa kuwa asilimia 4.9, ilikuwa 12.3. Huwezi kukosea hivyo kwa kuteleza kalamu. Bunge lilijadili bajeti juu ya namba hizo, wakopeshaji wakapanga riba juu ya namba hizo, IMF nayo ikaidhinisha mpango wake mwaka 2023 juu ya namba hizohizo.

Wanaosema bora angenyamaza wanasahau kwamba riba haingoji deni litangazwe. Marejesho yalikuwa yakidaiwa tayari. Kilichokosekana ni mwananchi kujua. Tena mafuta ya Sangomar, kisima cha baharini cha Senegal, yalikuwa yameanza kuchimbwa Juni 2024, na kishawishi cha kufunika shimo kwa mapato hayo kilikuwa kikubwa. Msumbiji mikopo yake ya siri ilipofichuka mwaka 2016, wafadhili walisitisha misaada vilevile. Tofauti ni kwamba Senegal imejifichua yenyewe, tena kwa mujibu wa sheria ya uwazi ya mwaka 2012, iliyopitishwa Sall mwenyewe akiwa madarakani, inayotaka hesabu zikaguliwe rais mpya anapoingia.

Nakubali kwamba Sonko angengoja ripoti ya Mahakama, tangazo lake lisingenuka kampeni. Lakini kusogeza tarehe kusingepunguza faranga hata moja kwenye deni. Sasa serikali ya Faye iweke wazi mkopo kwa mkopo: benki ipi ilitoa, nani alitia sahihi, na fedha ziliingia mradi gani.