Ma, me, mi, mo, mu za Wacherokee

Kibanda umiza cha mtaani kwetu kilipenda filamu za kauboi, na "Wahindi Wekundu" wa humo walikuwa wale wale kila siku: manyoya kichwani, mayowe, kisha puu, chini kutoka juu ya farasi. Hakuna aliyekuwa na jina. Sisi tulimshangilia aliyewaua, wengine wakipanda juu ya mabenchi.

Ndiyo maana kazi za filamu za Wacherokee wa siku hizi, moja ya jamii za hao wenyeji wa Marekani, zimenikaa kichwani. Hawa hata hawakuwa watu wa mahema ya tambarare. Kwao kulikuwa milima ya kusini mashariki mwa Marekani, wakilima mahindi na maharage na kuishi kwenye nyumba. Mwaka 1821 Sequoyah, mfua fedha asiyejua kusoma lugha yoyote, alikamilisha maandishi ya Kicherokee, alama moja kwa kila silabi. Itafute chati yake uione. Mstari mmoja unasomeka ma, me, mi, mo, mu. Nilicheka peke yangu, maana nilijiona nimerudi darasa la kwanza, fimbo ya mwalimu ikigonga ubao.

Miaka saba baadaye wakawa na gazeti lao. Miaka kumi baada ya gazeti, askari wakawatoa majumbani na kuwaswaga hadi Oklahoma ya leo. Kati ya watu kama 16,000, inakadiriwa 4,000 walikufa.

Leo waliokua na Kicherokee tangu utotoni wamebaki kama 2,000, wengi wao wazee. Mwaka 2019 viongozi wao walitangaza hali ya dharura kwa ajili ya lugha. Dharura, kama vile ya mafuriko.

Sasa kuhusu filamu. Taifa la Wacherokee, yaani serikali yao wenyewe huko Oklahoma, lina ofisi yake ya filamu, lina studio, na limetenga fungu la kuwavutia watayarishaji waje kupiga picha kwao. Vizuri, ajira ni ajira. Ila mgeni mwenye kamera bado ni mgeni, na anaweza kuondoka na mayowe yale yale, safari hii akiwa na kibali. Mimi nawapigia makofi kwa vile wanavyojitengenezea wenyewe: kipindi chao cha Osiyo, maana yake "hujambo", kilichoanza 2015, ambamo wasimulizi na mafundi wao wanahojiwa na watu wa kwao, na zaidi ya hapo, katuni ya wanyama wa msituni wanaoongea Kicherokee. Mtoto ukimwambia lugha ni urithi atapiga miayo. Atakaa kimya akitaka kujua sungura atafanya ujanja gani.

Wes Studi, mwigizaji Mcherokee aliyeingia shule akijua Kicherokee tu, amecheza watu wa makabila mengine ya huko: Mhuron, Mpawnee, hata Mwapache. Machi 2018 alisimama kwenye jukwaa la Oscar akasema maneno machache ya Kicherokee. Nilisisimka, sikatai. Lakini pale aliongea na ukumbi ambao karibu wote hawakumwelewa. Katuni ile inaongea na mtoto anayetakiwa kujibu.

Na hadithi wanazo. Juzi nilimsimulia mpwa wangu mojawapo: Sungura na Kobe wanashindana mbio kuvuka vilele vinne, na Kobe, kwa kuwa ni mzito, anaachiwa aanzie kilele cha kwanza. Sungura anatimka. Anafika bondeni, anatazama juu, Kobe huyo anaishilia upande wa pili. Anakaza mwendo, kilele kinachofuata, Kobe tena. Nilikuwa nakaribia pale Sungura anapoanguka hoi akilia mi, mi, mi, mpwa wangu akanikatiza.

"Mjomba, si amewaficha ndugu zake huko juu? Bibi alishanisimulia hiyo."