Beirut: picha ya mama ni ya nani?

Undugu ni kufaana, si kufanana. Kwa wanawake waliobadili jinsia mjini Beirut, Lebanon, hilo ndilo lililowaweka hai. Aliyefukuzwa kwao alipokelewa na mkubwa wake, akamwita mama, akafundishwa kuvaa, kutembea na mitaa ya kukwepa. Watu wa pwani tungesema kungwi, ingawa kungwi hamlipii mwali kodi ya chumba. Akina mama hao walikuwa vijana wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1975 hadi 1990. Sasa wamezeeka, na swali ni picha zao za ujana: zitolewe hadharani, au zibaki kabatini?

Wanaotaka zitolewe wana hoja nzito. Anayedai mambo haya yameletwa juzi na intaneti hujibiwa vizuri zaidi na picha iliyochakaa. Tena Lebanon ndoa, na kwa Waislamu mirathi pia, huamuliwa na sheria za madhehebu ya dini, na yanayotambuliwa ni 18. Binti wa kulelewa mtaani hana nafasi humo. Mama akifa, maiti na sanduku la picha ni vya ndugu wa damu, ambao wanaweza kumzika kwa jina alilolikataa na sanduku wakalitia moto.

Lakini kifungu cha 534 cha sheria ya jinai ya Lebanon bado kipo: hadi mwaka mmoja jela kwa kujamiiana "kinyume cha maumbile". Mwaka 2014 hakimu wa Jdeideh, karibu na Beirut, alikataa kukitumia dhidi ya mwanamke wa aina hii, ila uamuzi wake haukukifuta. Mwaka 2023 shirika la haki za binadamu la Human Rights Watch lilieleza jinsi maofisa wa usalama katika nchi tano, Lebanon ikiwemo, wanavyopekua simu na kugeuza picha kuwa ushahidi.

Mimi nasema zinakiliwe na zihifadhiwe zaidi ya mahali pamoja. Mlipuko wa bandari wa 4 Agosti 2020 uliharibu mitaa ya Gemmayzeh na Karantina, nyumba na makabati yake. Kuzitangaza ni jambo jingine. Picha moja ya sherehe ina watu sita. Mmoja amekubali; wa pili pengine amerudi kuishi kama mwanamume, ana wajukuu. Nani amemuuliza?

Wapo wanaopendekeza nyuso zizibwe. Hapo siwaelewi. Mtu alikaa mbele ya kioo jioni nzima akipaka wanja kwa ajili ya picha hiyohiyo. Afadhali ingoje kabatini miaka thelathini mingine, uso ukiwa wazi.