Tarehe ya mechi ni mali ya shabiki

Novemba 2017 waandaaji wa fainali ya futiboli ya Kimarekani ya vyuo vikuu (si kandanda, ni ule mpira wa kubebwa na kurushwa kwa mikono) walitangaza kwamba fainali ya Januari 2024 itachezwa Houston. Miaka sita kabla! Vijana waliokuja kuicheza wakati huo walikuwa bado wanafunzi wa shule. Siku ikafika, Jumatatu ya tarehe 8 Januari, chuo cha Michigan wakawafunga chuo cha Washington 34–13 pale pale Houston, na katikati ya miaka yote hiyo hapakuwa na mtu aliyelazimika kupiga simu kuuliza kama mechi bado ipo. Nyumbani Tanzania, dabi ya Simba na Yanga imeshaahirishwa siku yenyewe ya mechi, na ndiyo maana naandika.

Naishi Columbus, Ohio. Chuo cha hapa, Ohio State, kina uwanja unaoingiza watu zaidi ya 100,000, na kwenye maghala tunakofanya kazi, Watanzania, Wakongo na Wasomali, mazungumzo ya mapumziko kuanzia Septemba ni hayo hayo. Mchezo wenyewe ulinichukua muda kuuelewa. Kilichonigusa mapema ni namna watu wa kawaida wanavyopanga maisha yao kwa kuifuata ratiba bila hofu. Mechi ya Ohio State na Michigan ni Jumamosi ya mwisho ya Novemba, kwa kawaida saa sita mchana. Harusi haziwekwi siku hiyo. Wenzangu kazini huomba likizo ya Jumanne inayofuata fainali miezi kadhaa kabla, wakati timu zenyewe hazijajulikana.

La ajabu ni kwamba watu hawa hawa, wanaojua siku ya fainali kwa uhakika huo, kwa zaidi ya miaka mia moja hawakuwa na fainali kabisa. Vyuo vilianza kucheza 1869, Rutgers dhidi ya Princeton. Chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, NCAA, hadi leo hakiandai ubingwa wa daraja la juu la futiboli, ingawa kinaandaa wa mpira wa kikapu na hata wa daraja la chini yake katika futiboli hiyo hiyo. Bingwa alipatikana kwa kura. Shirika la habari la AP lilianza kura ya waandishi 1936, mwaka ule ule Simba ilipozaliwa. Mwaka 1950 ikaanza kura ya makocha. Kura zikitofautiana, nchi inakuwa na mabingwa wawili, kila mmoja na kombe lake. Ilitokea 1990, ikatokea tena 1991, na 1997 Michigan walipewa ubingwa na waandishi huku Nebraska wakipewa na makocha. Timu hizo mbili hazikukutana uwanjani.

Na kwa kuwa hakuna aliyekuwa na mamlaka ya mwisho, kila chuo kinaweza kujihesabia. Alabama hadi leo wanautaja msimu wa 1941 kuwa miongoni mwa misimu yao ya ubingwa. Msimu huo walipoteza mechi mbili, na kwenye kura ya waandishi walikuwa wa 20. Bingwa alikuwa Minnesota. Hebu fikiria timu ya mkiani kwenye Ligi Kuu yetu ikichora nyota ya ubingwa kwenye jezi.

Lakini hata katika vurugu hiyo ya nani bingwa, siku ilikuwa siku. Mechi kubwa za kumalizia msimu zilikuwa za Mwaka Mpya, na kubwa kuliko zote ni Rose Bowl kule Pasadena, California. Ikiwa tarehe 1 Januari ni Jumapili, mechi inasogezwa tarehe 2. Inasemekana desturi hiyo ilitokana na gwaride la asubuhi yake, waandaaji wa karne ya 19 wasitake kuwashtua farasi waliofungwa nje ya makanisa. Desemba 1941 Japani ilipoishambulia Pearl Harbor, serikali ilihofia kukusanya watu wengi pwani ya magharibi. Mechi ikahamishwa hadi Durham, North Carolina, upande wa pili kabisa wa nchi, na ikachezwa tarehe 1 Januari 1942 kama ilivyopangwa. Oregon State wakawashinda Duke 20–16. Vita imeanza, uwanja umehama maelfu ya kilomita, tarehe haikuguswa.

Fainali ya timu namba moja na namba mbili ilipatikana 1998, kwa mfumo ulioitwa BCS uliochanganya kura na hesabu za kompyuta. Nao haukuwa haki. Msimu wa 2003 Oklahoma walichapwa 35–7 na Kansas State kwenye fainali ya ligi yao (vyuo vimegawanyika katika ligi kadhaa), na bado kompyuta zikawapeleka kucheza fainali ya taifa. USC, waliokuwa wa kwanza katika kura zote mbili, wakaachwa nje. LSU wakawafunga Oklahoma 21–14 wakawa mabingwa; waandishi nao wakawapa USC ubingwa wao. Januari 2012 fainali ikawa Alabama na LSU, timu za ligi moja ambazo zilikuwa zimeshakutana msimu huo huo, na hasira ya wengine wote ndiyo iliyozaa mchujo wa timu nne ulioanza msimu wa 2014.

Timu nne zilichaguliwa na kamati ya watu 13 wanaokutana hotelini Texas. Desemba 2023 kamati hiyo iliwaacha Florida State, waliokuwa wameshinda mechi zote 13 na ubingwa wa ligi yao, kwa sababu mchezaji wao mkuu alikuwa amevunjika mguu. Alabama, waliokuwa wamefungwa mara moja, wakachukua nafasi ya nne. Nilikasirika siku ile kana kwamba ni timu ya kwetu. Unawaambiaje vijana walioshinda kila mechi kwamba hawastahili kwa sababu mwenzao ameumia? Kuanzia msimu wa 2024 nafasi ni 12, na mabadiliko hayo yamewafaa sana majirani zangu: Ohio State walifungwa na Michigan 13–10 nyumbani, jambo ambalo hapa ni msiba, kisha wakaingia kwenye mchujo na kuwa mabingwa kwa kuwafunga Notre Dame 34–23 mjini Atlanta, tarehe 20 Januari 2025.

Kwa hiyo kuhusu njia ya kumpata bingwa, sitaki mtu anifundishe chochote kutoka huku. Ligi yetu ni ya haki kuliko hii. Timu 16, kila moja inacheza na kila nyingine nyumbani na ugenini, pointi zinahesabiwa, bingwa anajulikana hata na mtoto. Hakuna hoteli, hakuna kamati.

Hata siku yao ya fainali nina neno nayo. Jumatatu usiku si siku ya mfanyakazi. Sheria ya matangazo ya michezo ya 1961 inailinda futiboli ya vyuo na ya shule dhidi ya ligi ya kulipwa, NFL, siku za Ijumaa usiku na Jumamosi, lakini ulinzi huo unaisha katikati ya Desemba. Januari NFL inachukua Jumamosi na Jumapili kwa mechi zake za mchujo, vyuo vinabaki na Jumatatu. Mpira unaanza saa moja na nusu usiku kwa saa za hapa, na unaisha karibu na saa tano. Watoto wamelala. Dar es Salaam muda huo wa kuanza ni saa tisa na nusu alfajiri ya Jumanne. Runinga imeamua, mashabiki wamefuata. Ila runinga imeamua mapema, na imesema, na haikugeuka.

Hapo ndipo roho yangu inapouma nikikumbuka nyumbani. Tarehe 8 Mei 2021, dabi ya Kariakoo, Simba na Yanga, ilikuwa saa 11 jioni. Siku yenyewe, watu wakiwa wameshaanza kuingia uwanja wa Mkapa, Dar es Salaam, ikatangazwa imesogezwa hadi saa moja usiku. Yanga wakafika kwa saa ya zamani, wakapasha misuli, wakaondoka. Simba wakaja kwa saa mpya. Mechi haikuchezwa mpaka tarehe 3 Julai. Tarehe 8 Machi 2025 ikawa tena: Simba walizuiwa kuingia uwanjani kufanya mazoezi usiku wa kuamkia mechi, wakasema hawachezi, na Bodi ya Ligi ikaahirisha mechi saa chache kabla. Kiporo hicho kililiwa tarehe 25 Juni, Yanga wakashinda 2–0 na kubeba ubingwa.

Mimi ni Simba tangu utotoni, na nasema bila kusita kwamba siku ile timu yangu ilipaswa kuingia uwanjani, icheze, kisha ipeleke malalamiko yake panapohusika. Wengine wataona nimesaliti. Lakini fikirini waliotoka Mbeya, Mwanza na Tunduma kwa basi usiku kucha. Mama lishe aliyenunua kuku na mchele wa kuuza nje ya uwanja. Mwenye nyumba ya wageni Temeke. Dereva wa bodaboda aliyepanga siku yake nzima kwa abiria wa jioni. Hawa hawana wakili wala msemaji wa klabu, na hakuna aliyewalipa. Viongozi walijadili kanuni kwa miezi mitatu, na katika mijadala yote niliyoifuatilia kutoka huku sikusikia mtu akiwataja.

Huku pia huahirisha, na sababu ilikuwa nzito. Tarehe 1 Januari 2025 mtu aliendesha gari na kuwaua watu 14 katika mtaa wa Bourbon, New Orleans, saa kadhaa kabla ya mechi ya robo fainali mjini humo, Georgia na Notre Dame. Mechi ikasogezwa. Ikachezwa kesho yake, tarehe 2. Siku moja tu, baada ya maafa ya kiasi hicho.

Najua nitaambiwa CAF hubadili ratiba, Taifa Stars huita wachezaji, klabu zetu husafiri mbali na ndege hazipatikani. Ni kweli, na viporo vya namna hiyo havikwepeki. Ila dabi ya 2021 haikuvurugwa na CAF, wala ya 2025. Zote mbili zilivurugwa na watu waliokuwa Dar es Salaam, kwa mambo yaliyoweza kumalizwa wiki moja kabla.

Ningeanza na dabi tu. Jumamosi mbili za msimu zitajwe kabla ya ligi kuanza, na saa yake itajwe hapo hapo. Ndani ya siku saba za mwisho isiguswe ila kwa vifo, mafuriko au amri ya usalama iliyoandikwa na kutiwa saini na anayeitoa. Timu isiyoingia uwanjani ipoteze pointi siku hiyo hiyo. Na mechi ikiahirishwa kwa sababu nyingine yoyote, kila mwenye tiketi arudishiwe fedha yake yote kwenye simu aliyonunulia kabla hajapanda basi la kurudi kwao.